Ndugu Yetu Anatoka Gerezani: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara Mwanza na Mwambao wa Ziwa Victoria

Majibu haya ni ya familia, viongozi wa mitaa na vijiji, mafundi wanaotafuta vijana wa kazi, na wafungwa wenyewe wanaokaribia kumaliza vifungo. Mifano mingi inahusu Gereza Kuu Butimba kwa kuwa ndilo linalojulikana zaidi Mwanza, lakini taratibu za kisheria ni zile zile hata kama ndugu yako yuko gereza jingine la Kanda ya Ziwa.

Gerezani anafundishwa kitu, au anafungiwa tu?

Jeshi la Magereza lina kazi inayoitwa urekebu, yaani kumrekebisha mfungwa, na lina maofisa wanaoisimamia. Ndani yake kuna kazi na ufundi (useremala, ushonaji, uashi, uchomeleaji, kilimo, ufugaji), elimu kuanzia kusoma na kuandika hadi mitihani ya sekondari kama mtahiniwa wa kujitegemea, mafundisho ya dini, na ushauri nasaha. Si kila gereza lina vyote. Gereza la shamba hufundisha kilimo zaidi. Chuo cha ufundi cha wafungwa kinachojulikana zaidi ni Ruanda, na kiko Mbeya. Viatu vya ngozi hutengenezwa Karanga, Moshi.

Kwa hiyo msikisie. Mnapokwenda kumwona, muulizeni maswali matatu: kila siku unapangiwa kazi gani, nani anakusimamia, na umeanza lini? Aliyeshika randa miaka miwili mfululizo ni seremala. Aliyebeba mbao miaka miwili bado hajawa. Mkijua mapema, anaweza kuomba kwa ofisa urekebu ahamishiwe karakana inayomfaa wakati bado ana muda wa kujifunza.

Tarehe yake ya kutoka tunaihesabuje?

Hapa familia nyingi hukosea, na kosa hilo huharibu maandalizi yote. Kwanza, kifungo huhesabiwa kuanzia siku ya hukumu. Siku ya kukamatwa siyo mwanzo wake. Miezi aliyokaa mahabusu ni jambo ambalo hakimu hulitazama anapopanga adhabu, lakini ninyi msilipunguze wenyewe kwenye kalenda.

Pili, Sheria ya Magereza ya mwaka 1967 inatoa punguzo la theluthi moja kwa kifungo kinachozidi mwezi 1. Aliyefungwa miaka 6 hutumikia 4. Aliyefungwa miezi 30 hutumikia 20. Aliyefungwa maisha hana theluthi ya kukatiwa.

Tatu, punguzo hilo hupotea, lote au sehemu, kwa utovu wa nidhamu. Kupigana, kukutwa na simu au bangi, kujaribu kutoroka: haya huandikwa na siku hurudishwa. Msihesabu kwa vidole nyumbani. Ulizeni gerezani tarehe iliyoandikwa kwenye kumbukumbu zake, na ulizeni tena kila baada ya miezi michache.

Parole, msamaha wa Rais, kifungo cha nje na huduma kwa jamii vinatofautianaje?

Huduma kwa jamii hutolewa na mahakama badala ya gereza, chini ya sheria ya mwaka 2002, pale ambapo kifungo kisingezidi miaka 3. Mtu hulala kwake na kufanya kazi ya umma bila malipo, kama kufyeka eneo la zahanati au kujenga vyoo vya shule, chini ya ofisa wa uangalizi. Kifungo cha nje kinafanana nacho kwa macho, ila mtu huyo ni mfungwa tayari, na Magereza ndiyo humruhusu amalizie kifungo kifupi akifanya kazi nje.

Msamaha wa Rais hutoka kwenye ibara ya 45 ya Katiba na mara nyingi hutangazwa tarehe 26 Aprili au 9 Desemba. Hauombwi kama parole, na familia haiwezi kuupangia siku. Sherehe za Uhuru za mwaka 2019 zilifanyika hapa Mwanza, uwanja wa CCM Kirumba, na siku hiyo Rais Magufuli alitangaza msamaha kwa wafungwa 5,533 nchi nzima. Mkisubiri tarehe ya mwisho ya kifungo ndipo muanze kujipanga, msamaha wa namna hiyo utawakuta hamna hata kitanda cha kumlaza.

Parole, yaani kutoka kabla ya muda ukiwa chini ya uangalizi, ndiyo inayohitaji kazi yenu. Sheria ya Bodi za Parole ni ya mwaka 1994, ikarekebishwa mwaka 2002. Anayeweza kufikiriwa ni mfungwa wa miaka 4 au zaidi aliyekwisha kutumikia theluthi moja kwa tabia njema. Hawamo waliohukumiwa kunyongwa au kifungo cha maisha, wala wafungwa wa unyang'anyi wa kutumia silaha, dawa za kulevya na ubakaji. Chukua mfano wa kifungo cha miaka 9: anaweza kufikiriwa baada ya miaka 3, ilhali bila parole angetoka baada ya miaka 6. Miaka 3 ya mtu ni mingi sana kuiacha ipotee kwa uzembe wa makaratasi.

Maombi huanzia gerezani, hupita bodi ya mkoa, kisha bodi ya taifa, na uamuzi hufika kwa waziri. Yanapokwama, mara nyingi hukwamia nyumbani. Taarifa ya jamii huwa inahitajika: atakaa wapi, nani atampokea, uongozi wa kijiji unasemaje, aliyetendewa kosa anasemaje. Ofisa akifika kijijini akakuta mwenyekiti hamfahamu mtu huyo, au familia imehamia Geita bila kuacha taarifa, jalada hurudi likiwa na mapengo. Na akipewa parole, hayuko huru kabisa. Hukaa mahali alipopangiwa, huripoti kwa msimamizi, hasafiri nje ya eneo bila ruhusa. Kuvuka kwenda Ukerewe kwenye msiba bila kuaga kunaweza kumrudisha ndani.

Familia ianze maandalizi lini, na ianzie wapi?

Miezi 6 kabla, na muanzie ofisi ya mtaa au kijiji. Wengi huanza kwa kuchangisha pesa. Pesa ni muhimu, lakini mtaji anaopewa mtu ambaye mtaa mzima unamwogopa huishia kwenye nauli ya kukimbia.

Nendeni watu wawili, mmoja awe mzee anayeheshimika. Mwambieni mwenyekiti au mtendaji jina lake, kosa lake bila kulipamba, tarehe inayotarajiwa, na nyumba atakayokaa. Ombeni barua ya utambulisho iandaliwe atakapofika. Kisha mzungumze na mjumbe na majirani wa karibu. Huku Usukumani kuna nzengo (umoja wa majirani), na vijijini sungusungu bado wana sauti. Kama kosa lilikuwa wizi wa ng'ombe, sungusungu wasipohusishwa kabla, lolote litakalopotea kijijini mwezi huo atashukiwa yeye wa kwanza, na mambo huenda haraka kuliko polisi wanavyofika.

Jambo la nyumba lisifichwe. Akija kulala kwa dada yake Igogo, shemeji awe amekubali kwa kinywa chake. Chumba kilichotolewa kwa shingo upande hudumu wiki mbili.

Aliyetendewa kosa tumwendee?

Ndiyo, lakini si mfungwa mwenyewe, na si siku ya kutoka. Atangulie mtu mzima asiye wa upande wowote, kwa mfano kiongozi wa dini au mzee wa nzengo, aulize kama wako tayari kuzungumza. Wakikataa, jibu hilo liheshimiwe na ndugu yenu apangiwe kukaa mtaa mwingine. Wakikubali, kikao kifanyike ofisini kwa mtendaji na kilichokubaliwa kiandikwe: fidia, njia ya kupita, soko la kwenda. Kwa makosa ya ubakaji na ukatili dhidi ya watoto msipeleke ujumbe wa suluhu kabisa. Kumwendea aliyeumizwa ni kumuumiza tena, na kunaweza kuhesabiwa kuwa vitisho.

Siku ya kutoka aondoke na nini mkononi?

Karatasi ya kuachiliwa. Hiyo ndiyo ya kwanza, na apigiwe nakala mbili siku hiyo hiyo, maana polisi wakimsimamisha njiani hana kingine cha kuonyesha. Mali zake zilizoandikwa siku alipoingia: nguo, simu, kitambulisho, fedha. Azikague kwenye rejista kabla ya kusaini. Vyeti au barua ya karakana aliyofanyia kazi. Karatasi ya rufaa ya hospitali kama anatumia dawa. Aulizie pia utaratibu wa nauli ya kurudi kwao.

Mtu wa kumpokea awepo langoni asubuhi. Butimba na stendi ya Nyegezi ni karibu, na anayesafiri peke yake akiwa na nauli mfukoni na marafiki wa zamani mjini anaweza asifike. Wa Sengerema sasa anavuka kwa Daraja la Kigongo–Busisi bila kusubiri kivuko. Wa Ukerewe, mpangeni apande meli ya siku hiyo hiyo ya kwenda Nansio, asilale gesti mjini.

Wiki ya kwanza: barua ya mtaa, kisha ofisi ya NIDA (ya vitambulisho vya taifa). Kama alikuwa na namba, alama za vidole zitamtambua. Bila namba ya NIDA hakuna laini ya simu kwa jina lake, na bila laini hakuna mwajiri wa kumpigia wala mkopo.

Anatumia dawa za kifua kikuu au ARV. Zikikatika itakuwaje?

Hili haliwezi kusubiri hata wiki moja. Tiba ya kawaida ya kifua kikuu ni miezi 6: miwili ya mwanzo dawa nne kwa pamoja, minne inayofuata dawa mbili. Kikohozi hupungua mapema, mtu huona amepona, huacha. Vimelea vilivyobaki hujenga usugu, na tiba ya kifua kikuu sugu ni ngumu zaidi. Gerezani watu hulala wakibanana, ndiyo maana kila anayetoka akiwa na kikohozi cha wiki mbili apimwe, hata kama hajawahi kuanzishiwa dawa.

Kabla ya kutoka aombe kliniki ya gereza vitu vitatu: karatasi ya uhamisho yenye tarehe aliyoanza dawa, jina la kituo anakohamia, na dawa za kutosha kufika huko. Kwa ARV, kadi ya CTC (kliniki ya matibabu ya VVU) ibaki ile ile na namba ile ile. Akianza upya kwa jina jingine kwa ajili ya aibu, historia yake yote hupotea. Anayekwenda kambi ya uvuvi ajue kwanza kisiwa hicho kina zahanati inayotoa dawa hizo.

Alikuwa anatumia heroini au anakunywa sana.

Mtu aliyekaa muda bila heroini mwili wake umepoteza uzoefu. Kipimo alichokuwa anatumia zamani sasa kinaweza kumuua, na hatari ni kubwa zaidi wiki mbili za kwanza. Mwambieni hivyo waziwazi, bila matusi. Mwanza kuna kliniki ya methadoni (dawa ya kutibu uraibu wa heroini) katika Hospitali ya Rufaa ya Mkoa ya Sekou Toure. Dawa hunywewa mbele ya mhudumu, kila siku mwanzoni, kwa hiyo anayeihitaji akae mjini. Kijiji cha mbali hakimfai kwa kipindi hicho.

Kwa pombe, msimpokee kwa bia. Ng'ombe achinjwe mkitaka, ila gongo isiwepo.

Amejifunza ufundi ndani. Cheti anapata wapi?

VETA (mamlaka ya mafunzo ya ufundi) wana utaratibu wa kurasimisha ujuzi uliopatikana nje ya mfumo rasmi. Fundi hapelekwi kusoma upya. Anapimwa kwa vitendo, anaonyeshwa pengo lake, akifaulu anapewa cheti. Kwa Mwanza chuo kiko Nyakato. Aende na barua ya gereza, barua ya mtaa na namba ya NIDA. Cheti hakisemi alijifunzia wapi, na kwa wengi hilo ni jambo kubwa.

Wakati anasubiri, vifaa vidogo vinampatia kibarua. Mwashi: mwiko, pimamaji, timazi, nyundo, tepu ya mita 5 na kamba. Seremala: randa, msumeno, nyundo, patasi mbili za upana tofauti, tepu na skwea. Mnunulie vifaa hivyo badala ya kumpa taslimu, na vinunuliwe yeye akiwepo. Anayejua kazi atachagua vizuri, na asiyejua mtamtambua hapo hapo dukani.

Kosa la kawaida ni kumfungulia karakana yake mara moja. Miezi 3 hadi 6 chini ya fundi mwenyeji humpa bei za sasa, wateja, na mtu wa kumtetea.

Mtaji atapata wapi?

Halmashauri hutenga asilimia 10 ya mapato yake ya ndani kwa mikopo isiyo na riba: 4 wanawake, 4 vijana, 2 watu wenye ulemavu. Mikopo hiyo ilisimamishwa mwaka 2023 na kurejeshwa mwaka 2024. Kwa wanawake na vijana inatolewa kwa kikundi kilichosajiliwa, na mlango wa kuingilia ni ofisa maendeleo ya jamii wa kata.

Ushauri wetu ni kwamba msiunde kikundi cha waliotoka gerezani watupu. Hata kama kinakubalika kisheria, wote huwa hawana akiba, hawana wadhamini na hawana uzoefu wa soko la leo, na mmoja akiyumba wote wanaanguka. Aingie kikundi cha kuweka na kukopa cha mtaa, anunue hisa ndogo kila wiki kwa miezi kadhaa bila kukosa. Daftari hilo la hisa ndilo litakalomsemea siku ya mkopo.

Anataka kwenda kisiwani kuvua. Tumwache?

Wengi hukimbilia kambi za uvuvi kwa sababu huko hakuna anayeuliza umetoka wapi. Hiyo hiyo ndiyo hatari yake. Tajiri (mwenye mtumbwi) anayepokea mtu bila barua mara nyingi ndiye anayevua bila leseni.

Kabla ya kupanda mtumbwi, mambo haya yachunguzwe. Mtumbwi uwe na namba ya usajili na tajiri awe na leseni ya mwaka huo. Mvuvi mwenyewe ajitambulishe kwa BMU (kikundi cha kusimamia uvuvi) ya mwalo na barua yake ya mtaa. Aangalie nyavu kwa macho yake: timba, yaani nyavu za uzi mmoja wa plastiki, ni marufuku, na kokoro, yaani nyavu za kukokota, ni marufuku. Sangara chini ya sentimita 50 na sato chini ya sentimita 25 hawaruhusiwi. Doria ikifika, anayekutwa majini ndiye anayeshikwa, na tajiri yuko Kirumba. Kwa mtu mwenye hukumu ya nyuma, kesi kama hiyo ni nzito kuliko kwa wenzake. Awe na boya la kuokolea, na asikubali kupanda bila hilo.

Malipo yaandikwe. Mafuta na chakula hutolewa kwanza, kisha mgao. Asipojua mgao wake kabla ya safari ya kwanza, deni la chakula kambini humla mwezi mzima na hawezi kuondoka. Dagaa huvuliwa kwa taa usiku wa giza, na mbalamwezi ikiingia kazi husimama kwa siku kumi hivi. Siku hizo ndizo kambi hunywa. Apangiwe mapema: kila mbalamwezi arudi nyumbani na fedha zake, achukue dawa zake, aonekane mtaani.

Kazi ya nchi kavu mwaloni ni mwanzo salama zaidi. Kuanika dagaa, kupakia, kufunga magunia Mwaloni Kirumba: malipo ni ya siku, na jioni analala kwao.

Na bustani kando ya ziwa?

Nzuri, ila si ufukweni. Sheria ya Mazingira ya mwaka 2004 inakataza shughuli za kudumu zinazoweza kuharibu mazingira ndani ya mita 60 kutoka ukingo wa ziwa. Mchicha na nyanya huvutia pale kwa sababu maji ni karibu, na wengi wameondolewa zao lilipokaribia kuvunwa. Pimeni mita 60 kwa kamba kabla ya kukodi.

Mke ameondoka, shamba limeuzwa. Tumwambie lini?

Kabla hajatoka, ana kwa ana, na mtu anayemwamini. Habari ya namna hii akiipata langoni au kilabuni ndiyo hurudisha watu ndani kwa kesi kubwa kuliko ya kwanza. Mwambieni pia nani aliuza, kwa shilingi ngapi, na fedha zilienda wapi. Kama kuna mgogoro wa haki zake, upo msaada wa kisheria bila malipo chini ya sheria ya mwaka 2017, na wasaidizi wa kisheria wapo wilayani. Ajue jina la mtu wa kumwendea, asibaki na hasira bila njia.

Watoto wasilazimishwe kumkumbatia. Mtoto aliyemwacha akiwa na miaka 2 hamjui. Wakae pamoja mchana, wale pamoja, amsindikize shule. Mamlaka ya kuadhibu yabaki kwa aliyewalea angalau mwaka wa kwanza. Mke aliyebeba nyumba peke yake asinyang'anywe pochi kwa sababu mwenye nyumba amerudi.

Na mwacheni alale. Wengi huamka saa kumi usiku, hukaa karibu na mlango, hushtuka funguo zikilia. Hupungua kwa miezi. Yasipopungua, au akianza kusema heri asingetoka, apelekwe hospitali ya mkoa au Hospitali ya Bugando, idara ya afya ya akili.

Ana miaka chini ya 18.

Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009 hairuhusu mtoto kuhukumiwa kifungo. Shule ya maadilisho, anakoweza kupelekwa badala ya gereza, iko Irambo, Mbeya. Mkikuta mtoto yuko gereza la watu wazima, nendeni kwa ofisa ustawi wa jamii wa wilaya siku hiyo hiyo na cheti chake cha kuzaliwa au kadi ya kliniki.

Anaweza kupiga kura?

Akishamaliza kifungo anajiandikisha kama wengine.

Nina karakana, nataka kumwajiri. Nijilinde vipi bila kumdhalilisha?

Soma karatasi yake ya kuachiliwa, zungumza naye kuhusu kosa mara moja, kisha usilirudie mbele ya wenzake. Mpe kazi inayopimika: viti vinne kwa wiki, mita kadhaa za ukuta kwa siku. Lipa kila Jumamosi kwa miezi miwili ya kwanza, maana mtu asiye na akiba akisubiri mwisho wa mwezi atakopa. Vifaa vihesabiwe asubuhi na jioni kwa wafanyakazi wote. Ukihesabu anapotoka yeye tu, karakana nzima itamtendea hivyo. Kitu kikipotea, uliza wote kwa utaratibu mmoja.

Mpe pia ruhusa ya nusu siku kwa kuripoti parole au kuchukua dawa, na iandikwe kwenye makubaliano tangu siku ya kwanza. Wengine wamekosa kuripoti kwa kuogopa kumwomba bosi ruhusa.